Mufasa alivuna mamilioni, waliomuumba wakafutwa: VFX ni ajira ama ni njozi?

Jumapili moja jioni, shangazi yangu alinipigia simu. Hakuwa na salamu nyingi.

"Wewe ndiye unaandikaandika gazetini, hebu nisaidie. Huyu ndugu yako anataka nimlipie chuo asomee mambo ya kutengeneza majitu kwenye filamu. Chama kiko tayari kunikopesha. Ni kazi kweli, ama ni kucheza na kompyuta tu?"

Huyo "ndugu yangu" ni binamu yangu, mwanawe wa pekee. Ana miaka 22, anaishi Kayole, na tangu amalize Kidato cha Nne amekuwa akijifunza programu ya Blender kupitia YouTube, usiku wakati bando ni za bei nafuu. Mwaka jana alifanya matatu ipae juu ya Barabara ya Jogoo kwenye video ya msanii mmoja wa mtaani. Video ilisambaa, watu wakaipenda. Pesa alizoahidiwa alilipwa nusu, na nusu hiyo nyingine anaisubiri hadi leo.

Nilimwomba Shangazi anipe wiki moja. Si kwamba sikuwa na jibu. Nilikuwa na majibu mawili yanayopigana, na nilitaka kujua lipi linamshinda mwenzake. Kama wewe pia unasoma haya ukiwa na ndoto kama ya binamu yangu, au una mzazi anayekaribia kuuza ng'ombe kwa ajili ya ndoto hiyo, tuandamane.

Jua moja la kweli

Tuanze na filamu ambayo wengi wetu tumeitazama, The Lion King ya mwaka wa 2019. Wahusika wana majina ya Kiswahili, Simba na Rafiki. Walioitengeneza walikuja hapa Kenya kuangalia wanyama na nyika zetu kabla ya kuanza kazi. Lakini unajua ni kiasi gani cha filamu hiyo kilichopigwa kwa kamera halisi? Mwelekezi Jon Favreau alifichua mwenyewe: ni kipande kimoja tu, lile jua linalochomoza mwanzoni, ambalo lilipigwa picha barani Afrika. Vipande vingine vyote, 1,490, vilitoka kwenye kompyuta. Nyasi, vumbi, manyoya ya shingo ya simba yakipeperuka, yote ni kazi ya mikono ya watu waliokaa mbele ya skrini.

Hiyo ndiyo kazi ya madoido ya picha, au VFX kama wenyewe wanavyoiita. Na walioifanya kwenye filamu hiyo walikuwa mafundi wa studio ya MPC, ambayo tayari ilikuwa imeshinda tuzo ya Oscar kwa The Jungle Book na baadaye ikashinda tena kwa filamu ya vita ya 1917. The Lion King ilivuna zaidi ya dola bilioni 1.6 duniani. Desemba 2024 ikafuata Mufasa, pia kazi ya MPC, ikavuna zaidi ya dola milioni 700.

Sasa sikiliza kilichofuata. Februari 2025, Mufasa bado ikizungumziwa, kampuni mama ya MPC, Technicolor, iliporomoka. Maelfu ya wafanyakazi kuanzia London hadi Bengaluru kule India waliambiwa kazi zimekwisha. Sehemu chache ziliokolewa na wanunuzi, lakini jina kubwa katika biashara hiyo lilizimwa kama taa. Kampuni ilitaja matatizo tangu janga la Covid, gharama za kuigawa kampuni upya, na mgomo wa waandishi wa Hollywood wa 2023 uliofanya kazi mpya zikauke.

Kwa hivyo, simba alivuna mamilioni, na waliompa uhai wakarudi nyumbani na vitambulisho visivyofungua mlango wowote. Hilo peke yake lingetosha kumfanya Shangazi akatae. Lakini kabla hatujamfungia binamu yangu mlango, tuulize: kwa nini?

Kushinda Oscar ukiwa umefilisika

Hii si mara ya kwanza. Mwaka wa 2013, studio ya Rhythm & Hues ya California ilikuwa imefanya kazi ambayo watu bado wanaizungumzia: yule chui milia anayeitwa Richard Parker kwenye filamu ya Life of Pi ya mwelekezi Ang Lee. Mnyama huyo kwa sehemu kubwa ya filamu hakuwepo. Kijana aliyekuwa naye kwenye mashua aliigiza akiwa peke yake ndani ya tangi la maji.

Februari mwaka huo studio iliomba ulinzi wa mahakama kwa kufilisika. Siku chache baadaye, tarehe 24, Life of Pi ikashinda Oscar ya madoido ya picha. Nje ya ukumbi, mamia ya mafundi wa VFX walikuwa wakiandamana. Ndani, Bill Westenhofer aliyesimamia kazi hiyo alipopanda jukwaani na kuanza kutaja masaibu ya studio yake, muziki ulipandishwa na maikrofoni ikazimwa. Muziki wenyewe ulikuwa ule wa filamu ya papa, Jaws.

Tatizo liko kwenye mkataba. Mzalishaji wa filamu hutoa zabuni, na studio za VFX hushindana kushusha bei. Anayeshinda hulipwa kiasi kilichokubaliwa. Sasa fikiria fundi wa mjengo aliyekubali kujenga nyumba kwa bei moja. Ukuta ukishafika juu, mwenye nyumba anasema mlango uhamishwe. Kesho anataka dirisha liwe kubwa. Wiki ijayo anabadilisha ramani. Bei haipandi, na siku ya kuhamia haisogei. Huyo fundi ataishia wapi? Ndivyo studio nyingi zinavyoishi. Mwelekezi akibadilisha mawazo, anayelala ofisini ni kijana wa VFX.

Halafu kuna suala la kodi. Serikali za London, Vancouver na Montreal huwarudishia wazalishaji sehemu ya pesa wanazotumia kwao. Punguzo likipanda mji mmoja, kazi huhamia huko na mafundi hufunga virago kuifuata. Mtu anaweza kuwa na jina kwenye filamu kumi kubwa na bado asijue mwanawe atasoma shule gani mwaka ujao.

Jambo la tatu ni kukosa sauti. Waigizaji wana chama, waandishi wana chama, hata wanaoshika taa wana chama. Watu wa VFX walibaki kila mtu kivyake kwa miaka mingi. Ilikuwa Septemba 2023 ndipo mafundi walioajiriwa moja kwa moja na Marvel walipopiga kura kwa kauli moja kujiunga na chama cha IATSE. Muda mfupi baadaye, wenzao wa Disney wakafuata.

Utaona basi kwamba hakuna mahali nilipotaja akili unde. Studio hizi zilianguka kwa sababu ya biashara mbovu, si kwa sababu ya roboti. Lakini sasa roboti naye amefika, na hapo ndipo hadithi ya mzee mmoja inatufaa.

Aliyedhani ametoweka kama dinosauri

Phil Tippett alizaliwa California mwaka wa 1951. Akiwa mtoto aliona King Kong ya 1933 na filamu ya 1958 kuhusu Sindbad, yule baharia wa Alfu Lela Ulela, yenye jitu na mifupa inayopigana kwa upanga. Akatekwa. Viumbe hao walikuwa sanamu ndogo zenye mifupa ya chuma ndani. Fundi huisogeza sanamu kidogo sana, anapiga picha moja, anaisogeza tena, anapiga nyingine. Sekunde moja ya filamu ina picha 24. Ukikosea picha ya mia moja, unaanza upya.

Tippett akaifanya hiyo kuwa kazi yake. Alianza kwa matangazo ya biashara. Kwenye Star Wars ya 1977, yale majini madogo yanayocheza kitu kama drafti mezani ni kazi yake na mwenzake Jon Berg. Kwenye filamu iliyofuata ya 1980, zile mashine kubwa zenye miguu minne zinazotembea thelujini zilipita mikononi mwake pia. Akapata Oscar kwa Return of the Jedi, kisha akafungua studio yake mjini Berkeley.

Mwanzoni mwa miaka ya 1990, Steven Spielberg akamwita kwenye Jurassic Park. Mpango ulikuwa wazi: dinosauri wakubwa wa mitambo wangetengenezwa na Stan Winston, na pale ambapo mnyama mzima anatakiwa kuonekana akikimbia, Tippett angetumia sanamu zake. Lakini ndani ya kampuni ya ILM, vijana wachache, akiwemo Steve Williams na Mark Dippé, walikuwa wakijaribu kitu kingine. Walitengeneza kwa kompyuta mifupa ya dinosauri aina ya T. rex ikitembea. Spielberg alipoona majaribio yao, uamuzi ukabadilika. Kompyuta ikachukua kazi.

Tippett alipotazama skrini ile, alihisi kwamba yeye sasa ndiye aliyetoweka duniani kama dinosauri. Spielberg alilipenda neno hilo hadi akaliingiza kwenye mazungumzo ya wahusika ndani ya filamu. Umri wa Tippett wakati huo ulikuwa kama miaka 40. Ujuzi alioujenga tangu ujanani ulikuwa umeisha thamani kwa mchana mmoja.

Hapa wengi huishia, wakisema "teknolojia haina huruma". Lakini haikuishia hapo.

Vijana wa kompyuta walijua mashine. Hawakujua mnyama. Mnyama wa tani kadhaa akigeuka, uzito unahama wapi kwanza? Akinusa windo, ni kichwa kinachotangulia ama ni bega? Kabla ya kuruka, anapumua vipi? Maswali hayo Tippett alikuwa ameyaishi kwa miaka mingi, picha moja baada ya nyingine. Spielberg akamwambia abaki, asimamie mwendo wa dinosauri. Studio yake hata ikabuni kifaa cha ajabu: sanamu ya mifupa ya chuma yenye vihisio kwenye viungo. Fundi wa zamani aliisogeza kwa mkono kama alivyozoea, na kompyuta ikanakili kila mwendo. Mikono ya zamani ikaingia kwenye mashine mpya.

Filamu ilitoka 1993. Mwaka uliofuata Tippett alikuwa jukwaani na wenzake watatu wakipokea Oscar. Studio yake ikahamia kompyuta, na kufikia 1997 ilikuwa ikijaza skrini kwa wadudu wa kutisha kwenye Starship Troopers.

Na kuna kipande cha mwisho ninachokipenda. Kabla ya Jurassic Park, Tippett alikuwa ameanza filamu yake mwenyewe ya sanamu, Mad God. Kompyuta ilipokuja aliiweka kwenye maboksi. Takriban miaka 20 baadaye, vijana wa studio yake waliyaona maboksi hayo wakamwuliza: mzee, kwa nini hatuimalizi? Wakaanza kujitolea siku za Jumamosi. Pesa zikachangishwa mtandaoni. Filamu ilionyeshwa mwaka wa 2021, mwenyewe akikaribia miaka 70. Mwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani.

Ngazi inayokatwa kutoka chini

Hadithi hiyo hutolewa sana kama dawa ya hofu: usijali, aliyejua kazi hatatupwa. Ni kweli, lakini ni nusu ya ukweli, na nusu nyingine ndiyo inayomhusu binamu yangu.

Tippett aliokolewa na jicho lake. Lakini jicho hilo alilipata wapi? Alilipata kwa miaka zaidi ya 15 ya vibarua vidogo vya kuchosha. Alipopigwa na mawimbi, alikuwa tayari na Oscar nyumbani. Binamu yangu ana matatu moja inayopaa.

Kwenye VFX, kazi za kuingilia ni zile ambazo hakuna anayezitaka. Kuna kukata umbo la mwigizaji kutoka kwenye picha, fremu kwa fremu, ili nyuma yake pawekwe kitu kingine. Kipande cha sekunde tano tu ni fremu 120, na kila nywele inayopepea ni shughuli. Kuna kufuta nyaya zilizomshikilia mwigizaji anaporuka. Kuna kulinganisha mwendo wa kamera ya kweli na ile ya kompyuta. Ni kama yule kijana wa kupokeza spana kwenye gereji za Grogan. Hapati sifa, na nguo zinachafuka, lakini baada ya miaka mitatu anasikia injini ikikohoa na anajua ugonjwa. Kukata hizo fremu ndiko kunakomfunza mtu jinsi mwanga unavyozunguka shavu.

Sasa hizo ndizo kazi ambazo akili unde inazila kwanza. Julai 2025, mkuu mwenza wa Netflix, Ted Sarandos, alisema kwamba kipande cha jengo kuporomoka Buenos Aires kwenye tamthilia ya The Eternaut ya Argentina kilitengenezwa kwa msaada wa akili unde, mara 10 haraka zaidi kuliko njia za kawaida. Kwa mzalishaji, hiyo ni habari njema. Kwa aliyekuwa atengeneze vumbi na matofali hayo kama kazi yake ya kwanza, ni mlango uliofungwa.

Hofu yangu basi si kwamba mashine itamshinda bingwa. Bingwa atapewa mashine na atakuwa bingwa zaidi. Hofu yangu ni kwamba mashine inakata vidato vya chini vya ngazi, halafu tutaulizana baada ya miaka 20 mabingwa wamepotelea wapi.

Na kwetu Afrika vidato hivyo vya chini ndivyo tulivyokuwa tumepangiwa. Hollywood ilipeleka kazi za kukata fremu India kwa sababu mishahara ni ya chini, na vijana wengi wa Nairobi wamekuwa wakitumaini foleni itafika huku. Lakini tumeshaona foleni hiyo inaishia wapi. Januari 2023, jarida la TIME liliripoti kwamba Wakenya waliokuwa wakisoma na kuainisha maandishi machafu ili kuifanya ChatGPT iwe salama walilipwa chini ya dola 2 kwa saa. Tulisaidia kuilea mashine kwa bei ya mandazi na chai. Kujenga tasnia juu ya kuwa wa bei rahisi kuliko wengine ni kungoja siku ambapo kitu cha bei rahisi zaidi kitazaliwa, na kimezaliwa.

Fimbo ya mbali haiui nyoka.

Watu watano na intaneti

Ningekomea hapo, Shangazi angeshika pesa zake na binamu yangu angenichukia. Lakini nilisema majibu ni mawili.

Machi 2023, filamu ya Everything Everywhere All at Once ilibeba Oscar 7, ikiwemo ya filamu bora. Sehemu kubwa ya madoido yake ilifanywa na watu kama watano hivi, wengi wao waliojifunza kupitia video za mtandaoni, kama binamu yangu. Mwaka uliofuata, Oscar yenyewe ya madoido ya picha ilikwenda Japani kwa Godzilla Minus One: mafundi 35, vipande 610, na bajeti ya filamu nzima chini ya dola milioni 15, wakati baadhi ya washindani wake wa Hollywood walitumia mamia ya mamilioni. Mwelekezi Takashi Yamazaki ndiye aliyekuwa pia msimamizi wa VFX, hivyo aliyebadilisha mawazo na aliyelipia mabadiliko walikuwa mtu mmoja. Machi 2025, filamu ya katuni ya Flow kutoka Latvia, nchi yenye watu wachache kuliko Nairobi, ilishinda Oscar ikiwa imetengenezwa kwa Blender. Ndiyo, Blender ileile ya bure iliyo kwenye kompyuta ya binamu yangu pale Kayole.

Na si lazima tutazame mbali. Wanuri Kahiu alitengeneza Pumzi, filamu fupi kuhusu Afrika Mashariki isiyo na maji baada ya vita, na mwaka wa 2010 ikafika tamasha la Sundance. Katuni za Tinga Tinga Tales zilizopendwa na watoto Uingereza zilitengenezwa hapa Nairobi. Super Sema, binti shujaa wa Kiafrika, alizaliwa na kampuni iliyokita hapa, Lupita Nyong'o akiwa mmoja wa waliomsukuma mbele. Mwaka wa 2023, Ng'endo Mukii aliingiza hadithi yake, Enkai, kwenye mkusanyiko wa Kizazi Moto kule Disney+.

Kwa njia, Lupita mwenyewe anajua upande wa pili wa kazi hii. Kwenye Star Wars ya 2015 hukuona sura yake hata mara moja. Aliigiza akiwa na vidoti usoni, na mafundi wa ILM wakazigeuza hisia zake kuwa Maz Kanata, bibi mdogo mwenye miwani mikubwa.

Wanachofanana hawa wote, kutoka Tokyo hadi Nairobi, ni kwamba hawakusubiri kupewa fremu za kukata. Walikuwa na hadithi yao na walijua kila pesa inakwenda wapi. Lakini tusidanganyane. Filamu ya bei nafuu mara nyingi huwa nafuu kwa sababu mtu fulani analipwa kidogo, na mzalishaji mjanja atakuonyesha Godzilla kila ukitaja nyongeza. Hapa Nairobi, kinacholipa kodi ya nyumba si majitu ya Oscar. Ni matangazo ya sabuni, video za muziki, na kazi za kampuni na mashirika. Anayesema vinginevyo anakuuzia kozi.

Nilichomwambia Shangazi

Wiki ilipoisha nilimpigia. Nilimwambia ni kazi kweli, ila si ajira ya kuingia saa mbili na kutoka saa kumi na moja hadi ustaafu. Ni kama ukulima: kuna msimu wa mvua na kuna ukame, na asiye na ghala hufa njaa hata kama shamba ni zuri.

Nikamwambia asichukue mkopo wote. Achukue nusu, na sehemu kubwa iende kwenye mashine inayoweza kubeba kazi, kwa sababu ile aliyo nayo kijana huzima kila ikipata moto. Kama ni chuo, kiwe cha kozi fupi, na kabla ya kulipa aende mwenyewe aulize swali moja: waliomaliza mwaka jana wako wapi leo, na kazi zao naweza kuziona? Chuo kisichoweza kujibu hilo kina kitu kinachoficha.

Binamu yangu naye nilimpa yake. Kwanza, kazi yoyote iwe na karatasi: nusu ya pesa kabla ya kuwasha kompyuta, na idadi ya marekebisho iandikwe. Ya nne ina bei yake. Rhythm & Hues ilikuwa na Oscar na bado ilizama kwa kukosa kusema hivyo; wewe ni nani usiseme?

Pili, ajue akili unde, aitumie kukata fremu na kufuta nyaya, asione aibu. Lakini ile saa anayookoa asiipeleke TikTok. Aipeleke kwenye jicho. Nilimwambia aende Gikomba asubuhi atazame wabeba mizigo. Mtu aliyebeba robota la mitumba mgongoni anatembea vipi? Goti linapinda lini? Shingo inakaa wapi? Hakuna kitufe cha hicho kitu, na ndicho kilichomwokoa Tippett.

Tatu, asikae peke yake. Atafute wenzake wanne, mmoja wa sauti, mmoja wa kuandika, mmoja wa kamera na mmoja wa kufuata pesa. Wafanye filamu yao ya dakika mbili. Wakishakuwa wengi, waungane kukataa bei za kudhalilisha, maana mmoja akikataa leo, mwingine wa mtaa wa pili anakubali kesho.

Shangazi alinyamaza kidogo. Kisha akasema, "Sawa. Nusu. Lakini kwanza yule wa matatu inayopaa amlipe mtoto wangu."

Siku kumi baadaye, binamu yangu alinitumia video ya sekunde nane. Fisi mkubwa wa kompyuta, ana robota la mitumba mgongoni, anapita katikati ya vibanda vya Gikomba huku watu wakiendelea kuuza nguo. Manyoya yalikuwa safi na mwanga ulikuwa sawa. Nilimwandikia ukweli: fisi anaelea, hana uzito.

Akajibu: "Najua. Ni goti. Kesho narudi huko saa kumi na moja asubuhi."